Kufungua Mabomba ya Kambi ya Mahema Baada ya Masika

Kambi nyingi za mbugani hufungwa Aprili na Mei. Wiki zote hizo maji hulala ndani ya mabomba yenye uvuguvugu, na humo ndimo bakteria wa legionela huzaana, kati ya nyuzi 20 na 45 za Selsiasi. Kwa kawaida hapatikani kwa kunywa. Mtu humvuta pumzini pamoja na matone madogo ya bomba la mvua, akashikwa na homa kali ya mapafu. Kuchemsha maji ya kunywa, basi, hakumkingi anayeoga.

Mwaga maji yote ya simtanki, zoa tope, sugua kuta. Ukiruka kazi hii klorini itaishia kwenye uchafu. Jaza upya, zima hita, kisha tia klorini ifike miligramu 50 kwa lita: tangi la lita 5,000 linataka gramu 385 za unga wa klorini wa asilimia 65. Vaa glavu, tia unga ndani ya ndoo ya plastiki yenye maji (kamwe usimwage maji juu ya unga), uache utuame, mimina maji ya juu tu.

Fungua kila koki, hata ya bustani na ya kufulia, mpaka unuse klorini. Funga, ngoja saa nzima, pima kwenye koki ya mbali kabisa. Ikiwa chini ya miligramu 30, rudia. Vijiti vya kupimia bwawa la kuogelea havisomi kiwango hicho. Tafuta vya kiwango cha juu. Ukimwaga maji hayo ya klorini, usiyaelekeze kwenye shimo la choo wala bwawa la wanyama.

Vichwa vya mabomba ya mvua vifungue, uviloweke kwenye siki kuondoa chokaa. Visuuze sana kabla ya kuvirudisha: siki ikikutana na klorini hutoa gesi ya sumu.

Hita za sola ndizo zinazotutia wasiwasi zaidi. Siku ya mawingu maji hubaki nyuzi 35 hadi 40, joto lile lile bakteria analolipenda. Washa elementi ya umeme yafike 60, na kwenye koki yapate 50 ndani ya dakika moja. Mtahadharishe mgeni, yanaunguza.

Msimu ukianza, hema lisilo na mgeni lifunguliwe maji moto na baridi kila wiki, dakika tano, kichwa cha bomba kikiwa ndani ya ndoo ili matone yasiruke. Klorini kwenye koki ya mbali iwe miligramu 0.2 hadi 0.5. Hema likiondolewa, bomba lake likatwe pale pale kwenye maungio. Ukiziba mwisho wake tu, maji yatalala humo mwaka mzima.