Namna ya kuandika mkataba wa kichawi katika hadithi ya njozi

Anza na hati yenyewe. Iandike neno kwa neno kabla hujagusa sura ambamo mhusika ataitia sahihi. Mkataba unaotajwa tu bila kuonekana huishia kuwa mlango wa dharura wa mwandishi: akikwama, anakumbuka sharti ambalo msomaji hakuwahi kulisikia. Ukishauweka ukurasani unakubana hata wewe, na hapo ndipo hadithi inapata nguvu. Maneno 60 hadi 100 yanatosha. Yakizidi, msomaji ataruka.

Kielelezo bora kinatoka Bath, Uingereza. Mwaka 1979 na 1980 wanaakiolojia walifukua kwenye chemchemi ya mji huo vibamba vipatavyo 130 vya risasi iliyochanganywa na bati, vilivyoandikwa zama za Warumi na kutupwa majini vimfikie mungu wa kike Sulis Minerva. Katika kimoja, mtu aliyeibiwa joho lenye kofia anamwomba mungu huyo amwadhibu mwizi, awe mwanamume au mwanamke, mtumwa au mtu huru, asipate usingizi wala watoto hadi alirudishe joho hekaluni. Tazama kilivyofungwa: anayedai anajulikana na anayedaiwa hana pa kujificha, adhabu ina sura, na mlango wa kutokea umeachwa wazi. Neno “hadi” ndilo linalosahaulika sana. Bila hilo, mhusika wako hana la kufanya ila kuteseka, na mateso matupu hayaisukumi hadithi mbele.

Bei iwe kitu ambacho msomaji ataona kimeondoka. “Roho yako” imechakaa, na hakuna anayejua imepungua lini. Mhusika akilipa kwa ladha ya chumvi, kila mlo katika kitabu utamkumbusha deni lake.

Sasa jaribu maneno yako kama wakili wa upande wa pili. Tuseme mvuvi anaandikiana na bahari: “Nyavu zangu zisitoke tupu.” Asubuhi anavuta mwani na mawe, bahari imetimiza. Anarekebisha: “Nyavu zangu zijae samaki kila siku.” Siku ya tufani hakwenda baharini, nyavu zimetundikwa ukutani zikauke, na samaki wanajaa humohumo, wanaoza juu ya kitanda cha mtoto. Kilichokosekana ni mahali, kiasi na ukomo: “Kila nitakapotega mwenyewe baharini, nipate ndoo moja ya samaki wa kulika, mpaka siku ya kufa kwangu.” Hata hapo “mwenyewe” inamnyima mwanawe riziki baba akiugua. Mwanya wa namna hiyo uache makusudi, maana ndani yake kuna sura nzima.

Amua pia nani anayefasiri maneno na nakala ya kweli ni ipi. Mesopotamia ya kale, eneo la Iraq ya leo, kibao cha udongo chenye mkataba kilifungwa ndani ya bahasha ya udongo iliyoandikwa maneno yaleyale. Ugomvi ukizuka, bahasha ilivunjwa na kibao cha ndani kikasomwa. Kwenye uchawi, waza kinachotokea maandishi ya ndani yakiwa yamebadilika. Pwani yetu tunalo kombe: aya huandikwa kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, zikaoshwa, mgonjwa akanywa. Hiyo ni tiba, si mkataba, lakini inamfundisha mwandishi jambo. Hati iliyonywewa haichaniki wala haiibiwi, ila haisomeki tena; mashahidi walioisikia ikisomwa ndio wanaogeuka hati, na kila mmoja anakumbuka neno tofauti.

Makosa mawili huua mkataba. La kwanza ni kumfunga mtu asiyeukubali, kama mtoto ambaye hajazaliwa, bila kuwa umeonyesha mapema kwamba sheria za ulimwengu wako zinaruhusu. La pili ni mikataba miwili inayopingana bila kanuni ya ipi inashinda, ya zamani au mpya. Chagua moja na usiigeuze katikati ya kitabu.

Ukimaliza, mpe hati peke yake mtu ambaye hajausoma mswada, umwachie dakika kumi atafute mwanya. Akiupata ambao hukuuona, ama uuzibe, ama mhusika fulani naye auone kabla ya msomaji.