Punguza Kazi Zilizo Mkononi Ili Bidhaa Itoke Mapema

Kabla ya kuongeza watu kwenye timu yako ya kutengeneza programu za kompyuta, hesabu kazi zote ambazo imezianza na haijazimaliza, zikiwemo zinazosubiri kukaguliwa, kwa kuwa foleni ya programu haionekani kama mabati yaliyorundikana kiwandani. Ziandike kwenye kadi na uzibandike ubaoni katika safu nne: zinazosubiri, zinazotengenezwa, zinazojaribiwa na zilizokamilika. Mtindo huu wa kadi, kanban, ulianzia kwenye viwanda vya Toyota nchini Japani chini ya mhandisi wake Taiichi Ohno.

Kisha tumia kanuni ambayo mtafiti wa Marekani John Little aliithibitisha mwaka 1961: wastani wa muda ambao kazi hukaa kwenye mfumo ni idadi ya kazi zilizomo, ukigawanya kwa idadi inayokamilika kila wiki. Timu yenye kazi 12 mkononi, inayokamilisha 3 kwa wiki, humsubirisha mteja wiki 4. Zikibaki 6 na kasi ikawa ile ile, atasubiri wiki 2.

Kwa hiyo weka kikomo cha kila safu na ukiandike juu yake. Safu ya majaribio ikijaa, mtengenezaji asivute kadi mpya, bali aende kumsaidia anayejaribu. Hapa ndipo viongozi wengi hulegea, maana humwona mtu aliyeacha kazi yake kwa muda kuwa ni hasara, ilhali hasara kubwa zaidi ni kazi iliyolala. Andika pia tarehe ya kuanza kwenye kila kadi, na kila asubuhi izungumzwe kwanza ile iliyokaa kuliko zote.