Jinsi ya Kutengeneza Tabule ya Kilebanoni Nyumbani

Tabule inayoliwa Lebanoni na Syria ni saladi ya majani yenye ngano kidogo ndani yake. Ufaransa, ambako chakula hiki kimeenea sana, huitengeneza kwa kuskusi (punje ndogo za unga wa ngano) nyingi na majani machache. Ni kitamu kwa namna yake, lakini mimi hukihesabu kuwa chakula kingine. Mwongozo huu unafuata njia ya Lebanoni, na karibu ugumu wake wote umo katika kuzuia maji yasiingie mahali yasipotakiwa.

Kwa watu 4, tayarisha mashada 3 makubwa ya pasili ya majani bapa, shada 1 dogo la nanaa, nyanya 3 zilizoiva lakini imara, kitunguu 1 kidogo, malimau 2, vijiko 5 vya mezani vya mafuta ya zeituni, chumvi, pilipili manga na mdalasini kidogo wa unga. Pasili hufanana sana na giligilani, kwa hiyo vunja jani moja ulinuse kabla ya kulipa. Ongeza vijiko 3 tu vya mezani vya bulguri laini, ambayo madukani mara nyingi huandikwa namba 1.

Bulguri ni ngano iliyochemshwa, ikakaushwa, kisha ikapasuliwa. Kwa kuwa imekwisha kupikwa, hulainika kwa kurowekwa peke yake. Ngano ya bokoboko, hata ikiwa imepasuliwa, ni mbichi, na isitumike hapa.

Hatua ya 1: Osha majani mapema. Yazamishe katika beseni la maji safi, yatikise, kisha yainue kwa mikono na kuacha mchanga chini. Rudia kwa maji mapya hadi vidole visihisi chembe yoyote kwenye sakafu ya beseni. Yakung'ute na kuyatandaza juu ya kitambaa kikavu kwa muda wa saa moja au zaidi. Usiharakishe hapa, kwa sababu jani lenye maji hupondeka chini ya kisu badala ya kukatika.

Hatua ya 2: Kata nyanya vipande vidogo sana juu ya sahani inayokinga maji yake. Weka bulguri kavu katika bakuli kubwa, mimina nyanya pamoja na maji yake yote, kisha maji ya limau 1, uchanganye na kuacha kwa dakika 20 hadi 30. Ngano itakunywa ladha hiyo, ilhali ikirowekwa kwa maji matupu huingia kwenye saladi ikiwa imeshiba na haina ladha. Wakati huo katakata kitunguu na ukifikiche kwa vidole pamoja na chumvi, pilipili manga na mdalasini, ili ukali wake upungue.

Hatua ya 3: Noa kisu. Kusanya pasili katika fungu lililobanwa vizuri, ondoa vikonyo vinene, kisha ukate kwa wembamba, kisu kikipita mara moja tu. Usirudi juu ya rundo kulikatakata upya kama mchicha wa kupika. Ubao ukilowa maji ya kijani, ama kisu ni butu ama majani hayakukauka. Mashine ya kusagia haifai kabisa. Nanaa ikatwe mwisho, kwa kuwa huwahi kuwa nyeusi.

Hatua ya 4: Chanja limau la pili na kuchanganya vyote wakati walaji wako tayari kukaa mezani, kwani chumvi huanza mara moja kuyatoa majani maji. Tia majani na kitunguu juu ya bulguri, ongeza maji ya limau, mafuta na chumvi, kisha geuza taratibu kwa mikono safi. Onja: ukali wa limau utangulie, na ngano iwe laini lakini bado itafunike. Binafsi hupendelea limau lizidi kuliko mafuta.

Andaa pamoja na majani ya letusi au majani laini ya katikati ya kabichi, ambayo hutumika kuchotea. Ikibaki, ifunike na kuiweka katika jokofu hadi kesho yake. Mwaga maji yaliyotuama chini na ukamulie limau kidogo kabla ya kuila.