Kabla ya kukata rufaa ya parseli (kiwanja) Lubumbashi, zingatia haya

Siku 30. Zihesabu tangu wisie, mjumbe wa mahakama, alipokuletea hukumu rasmi, si tangu ulipopata pesa ya avoka (wakili). Zikipita, aliyekushinda anachukua cheti kwamba hukukata rufaa, na hukumu inatekelezwa.

Andikisha rufaa kwenye grefu, yaani ofisi ya karani, ya Mahakama ya Rufaa, lipa gharama, dai risiti. Ukiombwa nyongeza usijifiche. Kesi isiyolipiwa haisogei. Kama kweli huna kitu, omba mahakama ikutambue kuwa maskini. Sheria inaruhusu usamehewe gharama zote au sehemu.

Sasa nisikilize vizuri: ekspedisyo. Hiyo ni nakala rasmi ya hukumu unayoipinga, yenye saini na muhuri wa karani. Inatolewa na tribinali iliyokuhukumu, lakini wewe mwenyewe ndiye unayepaswa kuifikisha Mahakama ya Rufaa. Katikati ya ofisi hizo mbili ndipo watu wanapoteza nyumba.

Mama mdogo wangu, mjane, alikuwa na parseli Katuba. Alishindwa na shemeji yake, tukakata rufaa ndani ya muda, tukapumua. Kikao cha kwanza jaji akapekua faili, akauliza ekspedisyo iko wapi. Mama akafungua fundo la kitenge, akatoa fotokopi iliyokunjwa mara nne. Kwenye ukurasa wa mwisho mashine ilikuwa imekata nusu ya saini. Muhuri hata kivuli chake hakikuonekana. Jaji akaahirisha kesi, akaagiza turudi na ekspedisyo kamili. Tukajiambia, ni karatasi tu. Avoka alidhani sisi tutaifuata, sisi tukadhani ni kazi yake. Mimi mwenyewe nilipita mbele ya tribinali mara mbili wiki ile na sikuingia.

Kikao kilichofuata tulifika mikono mitupu. Rufaa haipokelewi, basi. Mkataba wa mauzo tulikuwa nao. Mashahidi wawili walikaa kwenye benchi tangu asubuhi. Hakuna aliyewauliza neno, maana rufaa isiyopokelewa, yaliyomo ndani hayaguswi. Wisie alikuja na polisi wakati maji ya bukari (ugali) yanachemka. Waliinua sufuria na mbabula, jiko la makaa, pamoja, wakaviweka barabarani, moto ungali unawaka.

Kwa hiyo jaji akiagiza kitu, kiandike palepale pamoja na tarehe ya kurudi. Kabla hujatoka mlangoni, muulize avoka: nani anakifanya, mimi au wewe? Siku tatu kabla ya kikao nenda grefuni uone kwa macho yako kama kimeingia kwenye faili.

Soma pia mistari ya mwisho ya hukumu. Ukikuta imeamriwa itekelezwe mara moja hata kama kuna rufaa, kuandikisha rufaa peke yake hakumzuii mshindi kukutoa. Avoka aombe haraka Mahakama ya Rufaa isimamishe utekelezaji.

Hudhuria kila kikao, hata kile unachoambiwa kitaahirishwa. Ukihama mtaa, toa anwani mpya. Usiuze parseli wala kuongeza chumba wakati kesi inaendelea. Usimpe mtu pesa kwenye korido bila risiti, hata akikuita ndugu. Na karatasi zote toa nakala, uziweke nyumba nyingine, kwa mtu asiye na ugomvi na familia yenu.