Jinsi ya kutafuta picha za zamani kwa ajili ya filamu ya dokumentari

Kabla ya kufungua tovuti yoyote ya maktaba ya filamu, soma mswada na uandike kila sehemu inayohitaji picha za zamani: nani, wapi, mwaka gani, sekunde ngapi. Halafu tengeneza jedwali. Kila klipu iwe na mstari wake: maktaba ilikotoka, namba yake, taimukodi (saa, dakika na sekunde ndani ya mkanda) ya kuanzia na kuishia, mwenye haki, bei. Namba hiyo ibaki pia ndani ya jina la faili. Mhariri akiliita faili "umati 2", miezi baadaye hakuna atakayejua nakala bora, yaani ile ya ubora kamili itakayoingia kwenye filamu, iagizwe wapi.

Tafuta kwa maneno ya wakati picha zilipopigwa, maana maelezo mengi ya katalogi hayajaguswa tangu hapo. Kinshasa ya 1960 itafute kama Léopoldville. Saint Petersburg ya 1950 kama Leningrad.

Maelezo ya katalogi peke yake hayatoshi. Omba karatasi aliyoijaza mpigapicha siku ile, kama bado ipo, kisha tazama klipu polepole: vibao vya magari, mabango, sare, urefu wa vivuli. Maandishi yakisomeka kinyume, picha imegeuzwa. Picha za vita zikague mara mbili. Filamu za habari za zamani zilichanganya picha za siku na mahali tofauti, na nyingi zilipigwa bila sauti, kisha milio ya mizinga ikaongezwa studioni. Kumwonyesha mtazamaji vita visivyo vyenyewe ni kumdanganya, hata kama picha inapendeza.

Kwenye haki ndiko fedha nyingi hupotelea. Filamu zilizotengenezwa na watumishi wa serikali kuu ya Marekani wakiwa kazini hazina hakimiliki nchini humo, lakini muziki uliomo, au kipande kilichokodiwa kutoka kampuni binafsi, huweza kuwa na mwenyewe. Aliyepandisha video YouTube mara nyingi siye mwenye haki. Itumie kama dalili tu ya kumfikia mwenye nakala asili.

Maktaba nyingi hutoza kwa sekunde na huweka kiwango cha chini. Kikiwa sekunde 30, basi sekunde 6 kutoka kila moja ya maktaba tano utazilipia kama 150. Chukua zote 30 kwa maktaba moja ukiweza. Mapema kabisa, omba bei mbili kwa maandishi: ya matamasha ya filamu pekee, na ya matumizi yote duniani bila kikomo cha muda.

Agiza nakala bora ikiwa na umbo lake la asili. Picha ya 4:3 (upana kwa kimo) ikikatwa iwe 16:9 hupoteza robo ya kimo chake, na mara nyingi kinachoondoka ni vichwa. Filamu bubu iliyopigwa kwa fremu (picha moja moja) 16 au 18 kwa sekunde, ikichezwa kwa 24, huwafanya watu watembee mbiombio.

Uhariri ukishafungwa, yaani mpangilio wa picha haubadiliki tena, ndipo uagize nakala bora, ukiongeza sekunde moja kila upande wa klipu. Ikifika, ilinganishe na nakala ya mapitio, ile ya ubora wa chini uliyohariri nayo, fremu kwa fremu: filamu iliyoskaniwa upya huweza kuja na taimukodi tofauti kabisa.