SOMO: Hundi, hati ya ahadi na bili za Hazina (soma kabla hujauliza)

Kila wiki wanachama wa Nakuru na Kisumu wananiuliza: bili ya Hazina (mkopo wa muda mfupi unaoipa serikali) ni sawa na hundi? Nikinunua napewa karatasi? Nimechoka kujibu mmoja mmoja, kwa hiyo nimeweka yote hapa.

Hatua ya 1: Jua hati inasema nini.
Hundi ni agizo: unaiamuru benki yako imlipe mtu. Hati ya ahadi ni neno lako mwenyewe: mimi nitakulipa kiasi hiki siku fulani. Zote mbili ziko chini ya Sura ya 27 ya sheria za Kenya. Uzito wake ni kwamba zinahamishika. Mlipwaji akitia saini nyuma na kukukabidhi, haki ya kudai inakuwa yako, na ukiwa umeipokea kwa nia njema na kuilipia kabla haijapitwa na wakati, sheria inakulinda hata kama aliyekupa aliipata kwa hila. Ila hundi yenye mistari miwili na maneno kwamba ni ya akaunti ya mlipwaji pekee, usiichukue kwa mtu wa tatu.

Hatua ya 2: Malipo ya zaidi ya shilingi milioni 1 yatume kwa RTGS, yaani njia ya kuhamisha pesa moja kwa moja kutoka benki moja hadi nyingine. Hundi za kiasi hicho hazipiti baina ya benki tangu Oktoba 2009.

Hatua ya 3: Fungua akaunti ya DhowCSD, mfumo wa mtandaoni wa Benki Kuu wa kununua na kutunza bili. Bili za Hazina hazina karatasi. Umiliki wako uko humo.

Hatua ya 4: Piga hesabu.
Bili ni za siku 91, 182 au 364. Unanunua kwa bei pungufu na kulipwa thamani kamili muda ukiisha. Tuseme riba ni 10% na umechukua 100,000 ya siku 91. Gawa 100,000 kwa 1.02493, yaani 1 jumlisha 0.10 × 91 ÷ 365. Bei ni kama 97,567. Faida ni 2,432 na ushei, kodi ya zuio (inayokatwa kabla hujalipwa) ya 15% ikitoka unabaki na 2,067 hivi. Ukiwa mgeni, chagua zabuni isiyo ya ushindani, yaani hutaji riba unayotaka. Utapewa wastani wa riba ya mnada.

Hatua ya 5: Lipa.
Hapa ndipo watu huumia. Zabuni kukubaliwa hakujakufanya mwenye bili. Matokeo yakitoka, ingia tena DhowCSD uchukue vitu viwili: kiasi kamili mpaka senti, na nambari ya malipo. Chama kimoja cha upande wa Bahati kilipeleka fomu ya RTGS benki siku ya mwisho, karani akaandika jina la chama na kuiacha nambari. Pesa ziliondoka kwenye akaunti yao, bili hawakuipata, na mweka hazina alikuwa na kazi ya kuwaeleza wanachama. Kwa hiyo simama dirishani, soma nambari tarakimu kwa tarakimu kabla fomu haijapigwa muhuri, na udai nakala. Usingoje saa ya mwisho iliyo kwenye tangazo la mnada. Asiyelipa anaweza kuzuiwa kushiriki minada inayofuata.

MASWALI

Kip wa Molo: Kwa mwezi inalipa ngapi?
Jibu: Hatua ya 4. Bili hailipi kwa mwezi.

Kip wa Molo: Basi nikutumie pesa uninunulie?
Jibu: Hapana. Sishiki pesa ya mtu, na yeyote atakayekuomba hivyo kwa jina langu ni tapeli.

Nyar Kibuye: Mwalimu, mteja wangu wa omena hunipa hundi za tarehe ya mbele. Ikirudi kwa kukosa pesa, naweza kumshtaki polisi?
Jibu: Swali zuri sana, dada. Kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu kinamwadhibu anayetoa hundi akijua akaunti haina pesa: faini isiyozidi 50,000, kifungo kisichozidi mwaka 1, au vyote viwili. Lakini kosa hilo la kukosa pesa haliihusu hundi ya tarehe ya mbele. Deni lako bado ni halali na unaweza kulidai katika mahakama ya madai, kwa hiyo tunza hundi yenyewe na karatasi ya benki inayosema kwa nini imerudi. Na mzigo mpya usitoke kabla hundi ya kwanza haijalipwa.

Mzee wa Njoro: Dalali ananiambia hati fupi za makampuni (ahadi za kampuni kulipa mkopo wa muda mfupi) zinalipa kuliko serikali.
Jibu: Ni kweli mzee wangu, riba huwa juu, kwa sababu nyingi hazina dhamana. Nakumatt, ile kampuni ya supamaketi, ilizaliwa hapa hapa Nakuru ikiuza magodoro. Ilipoanguka, walioshika hati zake fupi walijikuta miongoni mwa wadai wasio na dhamana. Muulize dalali: kampuni ikifungwa, mimi nalipwa wa ngapi?

Mweka Hazina Kondele: Bili haijaiva na chama kina msiba, tufanyeje?
Jibu: Poleni sana. Ulizeni benki yenu kama itawakopesha kwa kuweka bili rehani. Kuirudisha Benki Kuu ni njia ya mwisho, bei yake inauma.

Nyar Kibuye: Nami niongeze: ukiandika hundi anza kushoto kabisa, na ukimaliza maneno ya kiasi chora mstari hadi mwisho.
Jibu: Asante dada. Na usitie saini hundi tupu, hata ya mwenzako wa chama.