Kuandika wasifu wa kiongozi wa wafanyakazi aliyeingia serikalini: mfano wa Kawawa

Wasifu wa namna hii huharibika palepale kila mara: mwandishi hupanga vyeo vya serikali, kisha miaka ya chama cha wafanyakazi huibana katika sentensi moja ya mwanzo. Jifunzie kwa Rashidi Kawawa, kiongozi wa wafanyakazi wa Tanganyika aliyekuja kuwa Waziri Mkuu.

Chora safu tatu: mwaka, chama cha wafanyakazi, siasa. Kwa Kawawa, safu ya pili ndiyo hujaa kwanza. Akiwa karani serikalini aliongoza TAGSA, chama cha watumishi Waafrika wa serikali. TFL, shirikisho la vyama vya wafanyakazi Tanganyika, lilipoundwa 1955, akawa katibu mkuu. Mwaka 1956 aliacha utumishi. Usilipite hilo haraka. Serikali ya kikoloni ilikataza watumishi wake kujiunga na TANU, hivyo asingeacha ajira, safu ya tatu ingebaki tupu.

Sasa tafuta safu ya pili inakatikia wapi. Mwaka 1960 aliingia uwaziri, na Januari 22, 1962 Nyerere alipojiuzulu, akawa Waziri Mkuu. Hapo tua. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha sheria zilizopeleka migogoro ya kazi kwenye usuluhishi wa lazima, mgomo halali ukawa karibu hauwezekani, na vyama vikatakiwa viwe chini ya TFL. Eleza kwanza sheria zilitaka nini. "Msaliti" na "mwokozi" ni maneno ya wenye maslahi. Wasifu wa maneno 1,000 uipe 1955–1964 walau 400.

Usisimame 1962. Baada ya maasi ya wanajeshi ya Januari 1964, viongozi kadhaa wa vyama walikamatwa, TFL ikavunjwa, ikaundwa NUTA, chama kimoja cha wafanyakazi cha taifa. Katibu mkuu wake, Michael Kamaliza, alikuwa pia Waziri wa Kazi: anayedai na anayedaiwa, mtu mmoja!

Mtego mwingine ni vyeo. "Waziri Mkuu 1962–1977" ni kosa. Cheo hicho kilifutwa jamhuri ilipozaliwa Desemba 9, 1962, Kawawa akawa Makamu wa Rais. Baada ya Muungano akawa Makamu wa Pili, kwa kuwa Karume, Rais wa Zanzibar, alikuwa wa Kwanza. Uwaziri mkuu ulirudishwa 1972, akaushika hadi 1977.

Majina ya vyama nayo yafuate wakati wake: usiandike JUWATA, jumuiya iliyochukua nafasi ya NUTA, kabla ya 1978. Uigizaji wa Kawawa katika filamu, sentensi moja inatosha.